Mama Mkwe wa Studio ya Woolwich

Studio ya Hafidh pale Woolwich ni ghala la mazulia lililohamwa, na filamu zake za kwanza za Kiswahili zote zina Dinah Nekesa, ingawa itabidi ukodoe macho umwone. Kuna aliyoigiza mgonjwa aliyefunikwa shuka hadi puani. Kuna nyingine analia matangani, kamera ikimwonyesha mgongo tu. Ya mwisho alikuwa maiti, na maiti huyo akapiga chafya.

Usimcheke. Juma zima alitunza wazee Kilburn, na siku yake ya kupumzika akapanda basi kwenda kulala kama maiti kwa malipo ya sahani ya pilau. Alitamani kitu kimoja tu: kusema mbele ya kamera, watu wamtazame usoni.

Hatimaye Hafidh akampa sehemu ya mama mkwe anayemsamehe mkwewe: wanaketi mezani, anamshika mikono, anasema. Dinah alikariri maneno yake hata akiwa anaosha vyombo vya wazee. Mkwe angeigizwa na Simiyu, Mbukusu mwenzake kutoka Bungoma, ila Hafidh hakuwa amewaambia nani angeigiza na nani.

Kumbe Lorraine, binti yake, alipokuwa akimletea mama chakula studioni, alikuwa akizungumza na Simiyu pembeni. Dinah, akiwa maiti, hakuona kitu. Kabla ya siku ya kupiga picha, wazee wa Simiyu wakaja nyumbani kwa Dinah, Kilburn, kuposa, wakakubaliwa. Na kwa Wabukusu, mkwe hashikani mikono na mama mkwe, wala hawaketi meza moja.

Basi siku yenyewe Simiyu alipomwona Dinah mezani, kwenye sebule ya kuigizia, alirudi nyuma hadi akaangusha taa.

“Hafidh, siwezi. Huyo ni mama mkwe wangu.”

“Si ndivyo nilivyoandika?”

“Wa kweli, bro!”

“Mum, ni acting tu!” Lorraine akalalamika. Dinah akamkata jicho.

Hafidh akashika kichwa. Simiyu alikuwa amekwisha kupigwa picha nusu ya filamu. “Mama Lorraine, niwie radhi. Itabidi nitafute mama mwingine.”

Dinah aliumia, tena sana. Kitumbua chake kilikuwa kimeingia mchanga kikiwa mdomoni. Lakini akapiga moyo konde.

“Niweke jikoni,” akasema. “Mlango uwe wazi kidogo, yeye abaki sebuleni. Kwetu mkwe huongeleshwa hivyo.”

Kamera ikamfuata jikoni. Maneno aliyokariri yakamruka yote, akasema ya kwake.

“Baba, mtoto wangu ana hasira za karibu. Mvumilie. Ulikosea, nami nimesamehe. Ukikosea tena, usitoroke. Njoo useme.”

“Nimesikia, Mama,” Simiyu akajibu kutoka sebuleni. Lorraine alikuwa akilia waziwazi. Hafidh alisahau kusema “Kata!”

Dinah akafuta uso kwa kanga, wasiwasi umemjaa. “Nimeonekana lakini?”

“Mama,” akasema Hafidh, “kwenye picha hiyo hakuna mwingine.”