Ng'ombe wa Mteremko wa Gitting

Mashamba ya ngano ya serikali yalipokwisha kuchukua tambarare chini ya mlima, ng'ombe wa Gitting walibaki na malisho ya maana mahali pamoja tu: mteremko ulio juu ya chemchemi. Mimi ndiye niliyetumwa kuufunga. Nilikuwa bwana miti, mzaliwa wa Tumati, mwenye buti mpya na mdomo usiojua kupumzika. Miche niliyopanda ilikuwa inaliwa ikiwa bado michanga, na maji ya chemchemi yalizidi kupungua.

Ng'ombe walioila walikuwa wanalala kwa mama mmoja mjane. Kundi lilikuwa zuri kupita hali ya nyumba yake, na hilo liliniudhi. Kwenye mkutano wa kijiji nikamsimamisha. Nikamuuliza mbele ya watu, ng'ombe wote wale ni wa nini kwa mtu mmoja, na kama chemchemi ikikauka watoto wa wenzake watakunywa tamaa yake. Watu wakacheka. Mama akajifunga shuka yake vizuri, akasema amesikia.

Kwetu mtu hafugi ng'ombe wake wote nyumbani. Huwagawa, hawa kwa rafiki huyu, wale kwa jamaa yule, ili ugonjwa ukiingia zizi moja usimalize mali yote. Anayewatunza hupata maziwa na samadi, na hamtaji mwenye mali hadharani. Nimekua nikiyaona hayo. Chuo kilikuwa kimenikalia kichwani vibaya, basi.

Mwisho wa juma nilikwenda nyumbani Tumati, nikamsimulia baba kwa mbwembwe jinsi nilivyomnyoosha mjane wa Gitting. Baba hakucheka. Aliniacha nimalize, akasema:

"Wale ng'ombe ni wangu. Ni mahari ya kukuolea wewe."

Mkuki kwa nguruwe. Niliona aibu mpaka uji ukanishinda.

Niliporudi nilikwenda moja kwa moja kwa yule mama. Hata shikamoo ilitoka kwa shida. Nikamuuliza kwa nini hakunijibu mkutanoni.

"Ningesemaje, mwanangu?" akasema. "Ningemtaja baba yako pale, wewe ungesimama wapi?"

Nikabaki natazama shamba lake la mahindi nyuma ya nyumba, jeusi kwa samadi, zuri kuliko yote ya jirani.

Nikaomba mkutano mwingine. Nikasema ng'ombe wale ni wa kwetu, nikamwomba mama msamaha mbele ya wale wale waliocheka, nikatangaza kwamba ng'ombe wetu ndio watakaotangulia kuondoka mteremkoni. Nilitegemea kuzomewa, na nadhani ningepata nafuu. Badala yake mwenyekiti akanisifu, eti huyu ndiye kiongozi wa mfano, na kijiji kizima kikakubali kuufunga mteremko siku hiyo hiyo. Wakanipigia makofi. Mama naye alipiga, kisha akaenda kuwafungulia ng'ombe wetu wachukuliwe.

Miche ikashika na maji yakaanza kurudi. Wakubwa wangu walifurahi. Msimu uliofuata nilipita kwa yule mama, nikakuta mahindi yake ni mafupi, yamekuwa ya manjano. Nikamwamkia nikitazama chini. Akaitikia marahaba kwa uchangamfu, akaniuliza kama nimeshaoa.