Kimya cha Mjomba

Wenzake walimwita Bi Kimya, na ulikuwa utani mtupu, maana mdomo wake haukujua likizo. Jina lilitokana na kazi. Kila alipomaliza kumhoji mtu, aliwaomba wote waliomo chumbani wakae kitambo bila kusema, arekodi sauti ya chumba chenyewe: feni, mlango, watu wakipumua. Bila hiyo, alisema, filamu inabaki na matundu.

Alianza kwa kupiga picha za harusi. Siku moja alipita penye watu waliofukuzwa majumbani, vyombo vyao vimetupwa barabarani, akawasha palepale kamera iliyokuwa ikisubiriwa na bibi harusi. Wenye harusi ile wanamlaani hadi leo. Yeye hakurudi nyuma: amerekodi migomo, mahabusu waliosahaulika, visima vilivyochimbwa kwenye hotuba tu. Amenyang'anywa vifaa, amepigwa danadana na vituo vya televisheni, na bado yumo. Mkaidi wa kutupwa, na afadhali.

Kisha ukuta wa soko ukaanguka na kuua wachuuzi. Wakubwa wakasema ni mvua. Mhandisi aliyeukagua ukuta huo kabla haujaanguka alikuwa mjomba wake, aliyemlea tangu baba yake alipofariki. Mjomba alikubali kuhojiwa, na kila swali akalijibu kwa mvua. Mahojiano yakaisha. Bi Kimya akaomba kimya chake, kamera ikiendelea kunasa na mjomba akiiona.

Mjomba akatazama viganja vyake. Kile kimya kikamshinda.

"Nyufa niliziona," akasema. "Niliandika soko lifungwe. Wakaniambia nitulie, nikatulia."

Mama yake Bi Kimya aliposikia habari hiyo alimjia juu. "Mwanangu, damu nzito kuliko maji! Huyo ndiye aliyekusomesha."

"Na damu ya wale wachuuzi, mama, ilikuwa maji?"

Alijibu hivyo, kisha akaingia chumbani akalia, kwa sababu mjomba alimpenda kweli. Akikikata kipande kile, lawama zitabaki kwa mvua. Akikiacha ndani ya filamu, mjomba atapoteza kazi, pengine na uhuru wake. Lakini alikuwa na sharti lake la miaka yote: aliyerekodiwa huona sehemu yake kabla ya mtu mwingine. Akabeba kompyuta hadi kwa mjomba.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Haya, nionyeshe."

Alitazama hadi mwisho bila kupepesa. "Ifute."

"Sifuti, mjomba. Nimekuja kukuambia usoni, usije ukayasikia mtaani."

"Unajua watanifanya nini?"

"Najua. Popote watakapokuita tutakwenda wote. Lakini sifuti."

Mjomba akainuka, akafunga mlango wa sebule, akarudi kukaa.

"Kamera umekuja nayo?"

"Imo kwenye begi."

"Itoe, basi. Pale nilisema 'wakaniambia'. Sasa nataka kuwataja kwa majina."