Niliyemuua Babu ni Mimi

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, nikiwa kijana wa miaka ishirini na mbili, niliposimama mbele ya waombolezaji nyumbani kwetu Gerezani nikatangaza kwamba niliyemuua babu ni mimi. Usicheke bado. Nilikuwa nimejifunga khanga ya bibi kiunoni, kofia ya marehemu kichwani, mkongojo wake mkononi. Nikasema nimemmaliza mzee, sasa huyu mke ni wangu peke yangu. Msiba mzima ukaangua kicheko, hata bibi kule ndani nilimsikia akicheka huku analia.

Nyinyi wa siku hizi utani wenu uko kwenye simu. Sisi, babu na mjukuu ni watani. Tangu najua kusema nilikuwa nikimwambia babu nitamuua nimrithi mkewe, naye akinijibu kwamba bibi hawezi kuolewa na mbeba samaki wa Feri anayenuka vibua. Siku alipofariki, kumtania ilikuwa haki yangu, na ndivyo nilivyomlilia.

Tatizo, mzee alikuwa na jeraha kwenye paji la uso. Na mle nyumbani kulikuwa na mpangaji mpya, hajamaliza hata wiki mbili, hajui nani ni nani wa nani. Akasikia maneno yangu, akaona jeraha, akaenda kituoni. Ungekuwa wewe ungefanya nini? Askari wakaja, maiti ikapelekwa hospitali kupimwa, nami nikapelekwa kituoni na khanga yangu kiunoni.

Huko ndiko nilikofanya ujinga wangu. Askari aliniuliza kwa upole kama ni kweli nilisema nimemuua babu. Nikajibu ni kweli nimesema, mtaa mzima umesikia. Akaandika. Mawazo yangu yote yalikuwa kuwahi mazishi, wasije wakamzika mzee bila mimi. Karatasi ikaletwa, nikatia sahihi bila kusoma hata mstari mmoja. Mzaha mzaha hutumbuka usaha, mwanangu. Babu alizikwa mimi niko mahabusu, na hilo linaniuma mpaka leo.

Kesho yake nikapelekwa kwa hakimu mmoja mzee, ambaye kazi yake ilikuwa kunisikia upya bila askari chumbani. Akanisomea karatasi yangu. Ilisema nimemuua babu kwa ajili ya mwanamke. Nikacheka. Naam, mbele ya hakimu, nikamwambia mwanamke mwenyewe ni bibi yangu. Yeye hakucheka. Akavua miwani, akanitazama.

"Kijana, kosa la kuua halina adhabu mbili. Ni kunyongwa mpaka ufe, na kamba haijui utani. Sasa nieleze tena taratibu, kama vile babu yako anasikia."

Nikalia kwanza, maana tangu mzee afe sikuwa nimelia sawasawa. Kisha nikaeleza kwamba alfajiri ile nilikuwa Feri nashusha samaki, nikaitwa, nikamkuta ameshakata roho. Hakimu akaandika, akanisomea, akanisomea tena, ndipo akanipa kalamu.

Na bibi? Bibi alikuwa amekaa eda, haendi popote. Aliposikia mjukuu ana kesi ya kitanzi, alimuuliza shehe kama dharura ya roho ya mtu inaruhusu, akaambiwa nenda. Akafika kituoni na nguo zake nyeupe, akasema mzee alikuwa anatawadha, akaanguka, akagonga paji kwenye ukingo wa karo. Yeye ndiye aliyemwinua, na hakuna aliyekuwa amemuuliza. Majibu ya daktari yakaja: kiharusi. Siku ya tisa nikaachiwa.

Nilipoingia nyumbani, bibi alinitazama toka juu mpaka chini. "Mume gani wewe, hata fungate hatujala umeshafungwa?" Wallahi, sijapata kucheka vile tena. Tukala pilau, na mpangaji akaja kuomba radhi. Baadaye nilimwoa dada yake, na hadi leo namtania shemeji kwamba alitaka kuninyonga mapema ili asinipe mke.

Sasa, jana pale kwenye kahawa Kariakoo mlikuwa mnasoma habari ya kijana anayedaiwa kumuua mama yake. Wewe ukasema, si amekiri mwenyewe, anyongwe. Nilimaliza kahawa yangu. Labda ameua kweli. Sijui, na wewe hujui. Ninachojua ni kwamba ipo karatasi yenye sahihi yangu inayosema nimemuua mtu niliyempenda kuliko wote, na kama karatasi ingetosha, hawa wanangu uliokua nao mtaa mmoja wasingezaliwa.

Basi shika haya. Usitie sahihi usichokisoma, hata kama una haraka ya mazishi. Heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi, kwa hiyo penye kalamu ya serikali utani uache mlangoni. Na ukisikia mtu amekiri, uliza amekiri nini, mbele ya nani, akiwa katika hali gani. Aliyekwisha kunyongwa haulizwi mara ya pili.

Mungu akupe ulimi mwepesi wa kuchekesha na mzito wa kuhukumu. Akujalie watani wengi, uzeeke nao. Na siku yangu ikifika, mjukuu wangu avae kofia yangu aseme anachotaka. Wewe kazi yako ni moja: mtafute mpangaji mpya, umwambie huyo ni mjukuu.