Nyota Mbili za Werugha

Kitabu changu kilipotoka, nakala ya kwanza nilimpelekea kaka yangu huko Kasigau. Miezi mitatu ikapita bila hata neno moja. Nikipiga simu, mteja hapatikani. Nikituma ujumbe, kimya kama maji mtungini. Haki nilikasirika. Angekuwa mtu baki ningejua nisitegemee kitu, lakini zile nyota za kitabuni zilikuwa zetu sote wawili, na nilitaka aseme, mara moja tu, kwamba nimeziandika vizuri.

Tulizibuni utotoni, nyumbani Werugha, ambako ukungu hushuka mapema na nyota za kweli unaweza kuzikosa wiki nzima. Tukajitengenezea zetu, kubwa na ndogo, zinazozungukana bila kugusana. Kubwa ilikuwa yangu. Kwayo msafiri alijua yuko wapi. Ndogo ilikuwa ya kaka. Kwayo alijua yuko lini. Ikienda mbali na kubwa, uko miaka ya mbele. Ikiikaribia, unarudi nyuma. Hakuna aliyeruhusiwa kugusa nyota ya mwenzake, kwa hiyo hakuna aliyeweza kusafiri peke yake.

Baba alikuwa amefariki mwaka ule. Mimi nilikuwa na miaka minane, kaka kumi na miwili. Jioni tukikamua ng'ombe, mimi nataja mahali, yale mashamba ya mkonge alikofanya kazi baba. Kaka anafumba macho, anarudi nyuma kwa ile ndogo, kisha ananiletea salamu. Baba anasema usiogope hesabu. Baba anasema usiache shule, hata viatu vikiisha. Sikuacha. Leo mimi ni mwalimu Voi, na hicho kitabu kinawahusu watoto wanaosafiri angani na katika wakati kwa nyota hizo mbili.

Shule zilipofungwa nikasema liwalo na liwe, naenda. Bodaboda kutoka Maungu ilinirusha kwenye mashimo hadi mgongo ukaniuma, na njia nzima nilikuwa napanga maneno. Nitamwambia ana roho ngumu. Nitamwambia hata majirani wamenipa hongera. Nitamuuliza kama ni wivu.

Nilimkuta shambani akifunga upya waya wa mizinga ya nyuki ya kufukuzia ndovu. Ndovu walikuwa wamepita juzi, wakamaliza mahindi yote ya upande wa chini. Nikampa pole, akaitikia, akaendelea na waya wake. Nikashindwa kujizuia.

"Kaka, kitabu ulikipata?"

"Nilikipata."

"Na ulikisoma?"

"Mara mbili. Ni kizuri. Lakini kina uongo."

Ati uongo. "Kaka, ni nyota ambazo hazipo. Ulitaka niandike nini, ripoti ya mkutano?"

Hakucheka. Aliingia ndani akatoka nacho. Alikuwa amekiwekea jalada la gazeti, kama tulivyokuwa tukivivika vitabu vya shule. Akafungua ukurasa wa kwanza, pale nilipoandika: "Kwa baba, aliyeniambia nisiache shule."

"Baba hakukuambia," akasema. "Baba alikuwa amekufa. Mimi ndiye niliyekuwa nalima matuta ya nyumbani mchana kutwa nikitafuta cha kukuambia jioni."

Nikajitetea. Nikasema ni namna ya kuandika tu, kwamba yeyote akisoma ataelewa. Aliniacha nikaongea mpaka nikaishiwa. Na kwa kuwa hasira ilikuwa bado imenipanda, nikamuuliza, "Na wewe je? Baba alikuambia uiache shule darasa la saba?"

"Mimi?" akasema. "Mimi nani angenisafiria hadi kwa baba?"

Akarudi ndani, akaja na kikombe cha maji. Alisema tukiagana tukiwa na vinyongo mama kule nyumbani atajua tu, afadhali tutase. Kwetu Wadawida kutasa ni hivi: mwenye hasira na ndugu yake huvuta funda la maji, akalipuliza chini na kutamka mema, ili moyo usibaki na kitu. Sote wawili ni watu wa kanisa, lakini hilo hatujaliacha. Akavuta, akapuliza kwenye vumbi.

"Kama nilikuwa na neno juu yako, limetoka," akasema. "Kitabu kisomwe. Watoto wako wa shule wakipende."

Halafu akanipa kikombe. Nikavuta funda langu. Nikaanza kukitafuta kile kinyongo nilichokibeba kutoka Voi, simu zote zile, kimya chote kile, ili nikitoe nami niseme mema. Maji yakakaa mdomoni mpaka yakapata joto. Sikupata hata neno moja la kumdai. Nikayameza.

"Yanatemwa, dada," kaka akasema. "Hayamezwi."