Mpiga Mswaki Meno ya Kale

Binti aliyepanga chumba changu cha uani, hapa Ngamiani, kazi yake ni kuyasugua kwa mswaki meno ya wanyama waliogeuka mawe zamani mno. Hutamka bismillahi kabla ya kugusa kila jino, kisha hulishika kama yai la njiwa na kulisogeza kwenye lenzi. Juzi jirani yetu Ghanima alisimama kwenye mlango wa uani akauliza kwa sauti ya kufika msikitini, "Bibi, nyumba ya marehemu mumeo imeshakuwa ya mganga?" Niliona haya, maana humu haijapata kupigwa ramli. Binti hakuudhika. "Shikamoo, shangazi. Hebu pitisha ulimi kwenye magego yako. Yana vilima, sivyo? Wewe hula nyama na mboga. Gego hili ni la nyati wa kale; limesagika bapa, maana alikula nyasi." Ghanima akapitisha ulimi, shavu likatuna, akashika njia ya kwake. Alasiri alirudi na taya la mbuzi kwenye sahani iliyofunikwa kawa, mashoga zake wawili wakimfuata. "Hodi kwa mwalimu!" aliita, mtaa mzima ukisikia. Nikawafungulia mlango wa mbele, ule wa wageni wa heshima.