Sauti Chini ya Wimbo wa Josephati

Mdogo wangu Josephati anaimba tangu hajaota ndevu. Jembe halijui vizuri, gitaa analijua. Hapa Rhotia hakuna harusi wala msiba asioimba, na sifa anazipenda kama nzi na maziwa.

Wimbo uliompa jina ni ule wa Esta, mtoto wake aliyekufa kwa surua. Watu walilia wakasema, baba mwenye uchungu ndiyo huyu. Naye akiulizwa aliutungaje hujibu, "Ulinijia nikiwa peke yangu, shambani."

Mwaka 2003 mwanawe Joel, dereva wa watalii, akamtengenezea sidii ya nyimbo zake zote tangu ujana. Hakuzitoa kwenye kaseti zetu, zinazokwaruza kama mtu anakaanga bisi. Aliifuata mikanda ya mwanzo Arusha, kwa mzee aliyerekodi nyimbo hizo. Jumapili baada ya ibada tukajaa sebuleni kwa Josephati. Joel akafungulia spika.

Jamani, usafi ule! Unasikia kidole kikiteleza kwenye waya. Unasikia mtu anameza mate.

"Mzee, umerudi kijana!" akasema mwinjilisti Clemensi. Josephati akatanua mabega.

Ukafika wa Esta. Kabla Josephati hajaimba mstari, sauti ya mwanamke ikautaja chini chini, ndipo yeye akauimba. Mstari wa pili vilevile. Kwenye kaseti tulidhani ni upepo. Nani asiijue sauti ile? Vitabu vya nyimbo kanisani havitoshi, ni wifi yangu Martha, mkewe, anayetutajia mistari miaka yote. Katikati ile sauti ikakatika kwa kwikwi, na mdogo wangu akasikika wazi kabisa:

"Utalia baadaye. Nitajie."

Martha alikuwa amesimama na birika la chai.

"Baba, huu wimbo alitunga nani?" Joel akauliza.

"Mama yako alinikumbusha tu maneno."

Nikamwambia, "Akukumbushe nini? Mtoto tulimzika wewe uko Mto wa Mbu unakunywa!"

"Dada, mbele ya watu?"

"Kwani sifa ulizila mbele ya nani?"

Masikio yaliniwaka kwa aibu. Tumenyonya ziwa moja na yule.

Akamwinamia Joel. "Wewe unajua kompyuta. Itoe hiyo sauti, ndiyo tuwagawie watu."

Martha akaweka birika chini. "Ukinitoa mimi, Joel, na mtoto wangu mtoe."

Joel akaichomoa sidii, akampa mama yake.

Watu wakaaga. Kila mmoja alimshika Martha mkono, mumewe wakampita kama kiti. Josephati akanitazama nimtetee. Nikajifunga kitenge changu, nikaenda zangu.