Kidani Kilichoacha Kijani Ukosini

Jumapili, tarehe 17 Aprili 2011, siku ya Sikukuu ya Wali wa Kina Dada, Pan Shuilian aliingia kwenye duara la wachezaji kando ya mto Qingshui akamvua binti yake kidani mbele ya kijiji kizima. Mpiga ngoma hakusimama. Wasichana waliokuwa nyuma waliyumba kidogo, wakampisha, wakaendelea kuzunguka, na njuga za mataji yao zikaendelea kulia. Shuilian alikivingirisha kidani ndani ya taulo alilokuja nalo kumfutia mtoto jasho, akamshika mkono, wakatoka.

Waliosimama ukingoni walidhani posa imevunjika. Wengine walidhani kidani kiliazimwa na mwenyewe amekuja kukidai. Kwa Wamiao, kabila la bonde hili, msichana akivuliwa fedha yake uwanjani, sababu huwa ni moja kati ya hizo mbili. Hakuna aliyefikiria shingo.

Shuilian ana miaka hamsini. Ni mdarizi, na katika vijiji vya bonde hili anajulikana kwa kosi zake: ndege, vipepeo na magamba ya joka, uzi mmoja uliochanwa mara kadhaa mpaka unakaribia kutoonekana. Mumewe, Zhang Guangyi, yuko mbali, Guangdong, kwenye kiwanda cha viatu tangu mtoto wao anajifunza kutembea. Hurudi kwa Mwaka Mpya wa Kichina, hutengeneza paa, hupanda treni tena. Mtoto ni mmoja, Xiqin, mwenye miaka kumi na minane.

Fedha ya msichana huanza kukusanywa siku anayozaliwa. Shuilian alianza na bangili nzito ya marehemu mama yake, iliyokuwa imegeuka nyeusi kama chungu. Kila alipouza ukosi alinunua kipande cha fedha, akakifukia kwenye pipa la mpunga. Hakujenga jiko jipya wala hakununua televisheni. Watu walimcheka kwamba anawalisha panya madini. Yeye alikuwa na picha moja kichwani, ya Xiqin akiingia uwanjani ameinama kidogo kwa uzito, kama alivyoinama yeye mwenyewe alipokuwa na umri huo. Msichana asiye na fedha haingii kwenye duara. Husimama pembeni na kushika miavuli ya wenzake.

Desturi ni kwamba sonara huja kwa mwenye mali. Huhamia na mvukuto, nyundo na fuawe yake, huwekwa sebuleni, hulishwa na kunyweshwa pombe ya mchele mpaka kazi iishe, na kila kipande huyeyushwa mbele ya macho ya mwenyewe. Wanakijiji hawasemi kwamba ni kumchunga. Husema ni kumheshimu.

Kwa Shuilian, heshima hiyo ilikuwa na tatizo. Mwanamke ambaye mumewe yuko mbali hawezi kumweka mwanamume mgeni sebuleni mwezi mzima, akamwashia moto asubuhi na kumjazia bakuli jioni, halafu atarajie kijiji kinyamaze. Mama mkwe wake, aliyekuwa hai wakati huo, alimwambia waziwazi kwamba atachagua kati ya sonara na jina lake. Akachagua jina. Xiqin alipokuwa na miaka kumi na minne, Shuilian alibeba fedha yote kwenye kikapu cha mgongoni, akavuka daraja, akampelekea sonara Wu Zhengui kwenye karakana yake. Alirudi kuichukua kazi majani ya mpunga yalipoanza kugeuka rangi.

Ilikuwa kazi nzuri, na hilo hata leo halikani. Taji lilikuwa na pembe mbili ndefu. Kidani kilisokotwa kwa nondo nene kama kamba ya nyati, kikang'aa kuliko cha msichana yeyote wa rika lake.

Xiqin alikivaa mara ya kwanza kwenye Mwaka Mpya wa Kimiao. Usiku ule shingo ilimwasha. Asubuhi kulikuwa na vipele vyekundu kisogoni, mahali kidani kinapolalia, na masikio yakavimba kwenye matundu ya hereni. Shuilian alimwita jirani yake, Bibi Ou, anayejua kuondoa upepo mbaya mwilini. Bibi Ou alichemsha yai, akalifunga kwenye kitambaa pamoja na bangili ya fedha ya mkononi mwake, akamkanda msichana shingo na mgongo. Bangili ilipotoka kitambaani ilikuwa imeingia weusi.

"Umeona?" akasema Bibi Ou. "Mtoto amejaa upepo. Hiyo fedha aliyoivaa inauvuta, ndiyo maana unatokea kwenye ngozi. Mwache avae. Mkimvua sasa mtaurudisha ndani."

Hakuna mtu wa bonde hili ambaye angembishia. Fedha hufukuza maradhi. Mtoto mchanga huvalishwa ili asishtuke, mgonjwa hupanguswa nayo, na weusi wake ndio ushahidi. Kwa hiyo Shuilian alifanya kile ambacho mama yeyote mwema wa Kimiao angefanya. Mtoto alipowashwa, alimwongezea fedha. Alimwambia alale na kidani. Vipele vilipotoa maji, alifurahi kwamba ugonjwa unatoka.

Hali hiyo iliendelea kwa sikukuu baada ya sikukuu. Vidonda vilikauka kidani kilipowekwa sandukuni, vikafumuka kilipovaliwa. Xiqin alianza kufunga kitambaa shingoni hata kiangazi. Shuleni walimwita Kasa, kwa jinsi alivyoificha shingo. Wenzake wawili walipata wachumba kwenye nyimbo za kujibizana kando ya mto. Yeye alikwenda mara moja, kijana mmoja akamtania afungue kitambaa, akarudi nyumbani kabla nyimbo hazijakolea.

Wiki moja kabla ya sikukuu ya mwaka huu Bibi Ou alikuja tena na yai. Safari hii hakuvua bangili yake. Alichomoa kipepeo kimoja kilichoning'inia kwenye kidani cha Xiqin na kukitumia hicho. Kikatoka kitambaani cheupe kama kilivyoingia. Bibi Ou alishika mashavu ya msichana akamwambia upepo umekwisha, mwaka huu atacheza mpaka viatu vitoboke. Shuilian alipika wali wa rangi tano siku hiyo hiyo, ingawa sikukuu ilikuwa bado.

Ndiyo maana pale uwanjani alikuwa akitazama shingo na si miguu. Kina mama husimama nyuma ya duara na taulo, tayari kuweka sawa taji lililolegea. Jua lilikuwa kali na wasichana walitokwa jasho. Xiqin alipopita mara ya tatu, Shuilian aliona maji yakishuka kutoka kisogoni kuingia kwenye ukosi aliomdarizia mwenyewe majira yote ya baridi, na kwenye hariri nyeupe ya tumbo la ndege kulikuwa na doa. Lilikuwa la kijani.

Rangi ile aliijua. Kila jikoni hapa kuna mtungi wa mchuzi mchachu, na kila msichana hufundishwa mapema kwamba mchuzi huo haulazwi ndani ya chombo cha shaba, kwa sababu asubuhi utakuta ukingo umeota kijani na chakula ni cha kumwaga. Fedha hugeuka nyeusi. Haigeuki kijani. Na Bibi Ou alikuwa ametangaza kupona kwa kutumia kipande ambacho yai halikuweza kukitia weusi, kwa sababu haikuwa fedha iliyokuwa ndani ya kitambaa. Shuilian hakuyapanga haya kwa maneno wakati ule. Anasema alijikuta tu ameshaingia kwenye duara.

Kesho yake walipanda basi kwenda mjini Kaili. Daktari wa ngozi alimbandika Xiqin vibandiko mgongoni, akawaambia warudi baada ya siku mbili bila kuoga. Walilala kwa binamu. Waliporudi, kibandiko kimoja kilikuwa kimeacha alama nyekundu iliyovimba. Daktari aliita kitu hicho nikeli, metali inayochanganywa na shaba na zinki ili zionekane nyeupe. Jasho huila taratibu, chembe zake huingia kwenye ngozi, na ngozi ya mtu mwenye mzio huzipiga vita. Alimwomba Xiqin ainue shati, akamwonyesha mama alama nyingine chini ya kitovu, mahali kitufe cha suruali ya jinzi kinapogusa. Shuilian hakuwa ameiona.

Aliuliza itapona lini. Daktari alisema vidonda vitapona, ila mwili hautasahau. Kitufe, hereni za bei rahisi, fremu ya miwani, bizimu ya mkoba, vyote Xiqin atavichunguza maisha yake yote. Aliuliza kama kuvaa kwa muda mrefu kumechangia. Daktari, mwanamke kijana asiyependa kuzungukazunguka, alisema ndiyo, hasa kuvaa juu ya kidonda. Kuhusu yai alisema yai la moto huitia fedha weusi hata ukikanda nalo ukuta.

Kwenye basi la kurudi Xiqin alilala begani kwa mama yake. Shuilian hakulala.

Wu Zhengui alimpokea kwa bakuli la chai na kigoda. Ni mtu mpole, vidole vyake vina nyufa asizoacha kuzikwaruza. Shuilian aliweka kidani kwenye fuawe akamwomba akikate.

"Mama Xiqin, kitu kama hiki hakikatwi."

"Kata, Fundi."

"Nimekifanyia kazi siku nyingi sana."

"Na mimi nimekifanyia kazi tangu mtoto azaliwe. Kata."

Alikikata. Ndani ya ganda jembamba lenye mng'ao kulikuwa na moyo wenye weupe wa manjano, kama jino la mtu mzima. Kisogoni, mahali palipokuwa pakisuguana na ukosi, ganda lenyewe lilikuwa limekwisha.

Sonara hakukana. Alieleza kwamba fedha tupu ni laini, ukiisokota nondo nene hivyo italegea msimu mmoja. Shaba nyeupe inasimama. Moyo wa shaba, ganda la fedha, na vipepeo ni shaba tupu iliyochovywa. Baba yake alifanya hivyo kwa vidani vikubwa na masonara wote wa ng'ambo ile hufanya hivyo. Fedha iliyobaki, alisema, iliingia kwenye taji. Wu aliomba hata taji liletwe likatwe, ili Shuilian aamini. Shuilian alisema anaamini kuhusu taji.

"Wasichana wangapi wamevaa vidani vyangu," alisema Wu. "Sijamsikia hata mmoja analalamika."

"Wamelalamika. Sisi mama zao tuliwaambia ni fedha inavuta upepo."

Wu aliacha kukwaruza vidole. Alisema, kwa sauti ya chini, kwamba kama angeitwa nyumbani kwake kama desturi inavyotaka, asingethubutu kutia hata kipande cha shaba.

"Najua," alisema Shuilian. "Hilo la kutokukuita ni langu."

Angeweza kuishia hapo. Badala yake alikwenda kwenye ngazi za mawe karibu na kisima, ambapo wanawake hukaa alasiri na sindano zao, akawaonyesha kidani kilichokatwa na kuwaambia daktari alichosema. Walimsikiliza wakidarizi. Wa kwanza kujibu alikuwa mke wa mwenyekiti wa zamani, ambaye binti yake anaolewa msimu huu.

"Kwa hiyo unataka wakwe waambiwe mabinti zetu wamevaa masufuria?"

Mwingine alisema kila mtu anajua Mama Xiqin aliipeleka fedha yake kwenye karakana kama anayepeleka mpunga kinuni, sasa amesagiwa pumba anataka wote wawe na pumba. Walicheka. Bibi Ou, ambaye alikuwa amekaa ngazi ya juu, hakucheka. Aliinuka akaenda zake, na tangu siku hiyo anapita njia ya nyuma asikutane na Shuilian.

Siku zilizofuata oda za kosi zilipungua. Kisha, asubuhi moja, binti wa jirani wa upande wa pili wa daraja alikuja akisema anaazima chujio. Alipopewa hakuondoka. Alishusha ukosi wake akageuka, akamwonyesha Shuilian kisogo chake. Wiki iliyofuata alikuja mama mwenye mtoto wa kunyonya, bangili imemwacha mtoto na pete ya vipele mkononi. Hawakutaka majina yao yatajwe kisimani. Walitaka tu kujua basi la Kaili linasimama wapi.

Xiqin sasa hafungi kitambaa. Kisogoni amebaki na kovu pana, jeusi kidogo kuliko ngozi, ambalo daktari anasema litafifia ila halitaisha. Amekata vitufe vya suruali zake zote akashona vya mfupa. Mwanzoni alisema hataki kuona fedha tena maishani mwake. Juzi alimuuliza mama yake kama taji linaweza kuyeyushwa, likatoka kidani chembamba, cha fedha tupu, hata kama kitalegea.

Shuilian alimwandikia mumewe akimwomba awepo nyumbani kazi hiyo ikifanywa. Guangyi alijibu kwa simu kwamba kiwanda hakitoi ruhusa kabla ya Mwaka Mpya, na kwamba angoje. Hatangoja. Amekwenda kwa Wu Zhengui, na Wu amekubali.

Mwezi wa kumi, mpunga ukishavunwa, sonara atavuka daraja na mvukuto wake na kuhamia sebuleni kwa Pan Shuilian, ambako atakaa mpaka kazi iishe. Mume wake hatakuwepo.